Wakuu, kobe wa gamba laini kama ngozi kanasa kwenye nyavu Ziwa Nyasa, ni mnyama gani huyu na tumfanyeje?

MwanaMwera

Wakuu habari za jioni. Niko huku wilaya ya Nyasa, kijiji sikitaji kwa sababu mtakazozielewa mkisoma hadi mwisho. Baba mdogo jana jioni alitega nyavu karibu na mdomo wa mto, leo alfajiri kaenda kutoa anategemea magege na mbasa wawili watatu, anavuta anaona nyavu nzito anashukuru Mungu, kumbe ni dude la ajabu limejiviringisha humo na nyavu kalichana pande mbili, yaan kama panga limepita.

Ni kobe lakini sio kobe. Bapa kama sinia. Mgongoni hana magamba yale ya kobe tuliozoea, ni ngozi tupu, ukibonyeza pembeni inabonyea kabisa, rangi ya kijani iliyofifia kama tope. Pua ni kijimrija kirefu, shingo inatoka na inaendelea kutoka mpaka unajiuliza inaishia wapi. Kamkosa kidogo baba mdogo kidole. Upana mgongoni nimepima kwa futi ya fundi karibu sm 48.

Sa hivi yuko kwenye beseni la kufulia nyuma ya nyumba, tumemjazia maji. Sasa maswali yangu, moja ni mnyama gani, maana mimi nimezaliwa hapa ziwani na hawa nilikua nawasikia tu, wengine wanasema ni kasa wa baharini kapotea (kapotea vipi mpaka Nyasa sijui). Pili kuna jamaa mmoja anazungukaga huku kununua dagaa, kapigiwa simu na mtu mwenye kiherehere, kasema yuko tayari kutoa 80,000 kesho asubuhi na tusimchinje, anamtaka mzima. Apo ndo nimeshtuka. Mtu anunue kobe mzima elfu themanini wa nini? Baba mdogo yeye anaona ni riziki, nyavu imeharibika na hela haijaingia. Nisaidieni kabla ya kesho.

Bwana_Pilau

Mkuu elfu themanini unauliza tena? Uza. Au weka nazi, ndimu na pilipili kichaa, halafu leta mrejesho na picha ya sufuria.

MitoNaMaziwa

Achana na huyo wa pilau. MwanaMwera hongera kwa kuuliza kwanza, wengi wanauliza mnyama akiwa ashakua mifupa.

Huyo sio kasa. Kasa wa baharini miguu yake ni makasia, huyo wako bila shaka ana miguu yenye utando kama wa bata. Fanya hivi, angalia mguu wa mbele hesabu kucha. Zikiwa tatu, basi ni ukoo wa kobe gamba laini, wataalamu wanauita Trionychidae na dunia nzima una spishi zaidi ya 30, Afrika, Asia na Amerika Kaskazini. Kobe wale weusi wadogo wa madimbwini wenye gamba gumu wanaonuka hawana kucha tatu, wana nyingi zaidi. Halafu mgeuze kwa uangalifu (uangalifu nimesema, nitaeleza) uangalie tumboni upande wa nyuma, kama kuna vipande viwili vya ngozi kama mapazia ambavyo akirudisha miguu ya nyuma ndani vinaifunika, basi nina uhakika ni Cycloderma frenatum. Huyo ndo wa kwetu kusini: Ziwa Nyasa, Rufiji, Ruvuma, halafu Malawi, Msumbiji, Zambia, hadi mto Save Zimbabwe. Sm 48 ni mtu mzima kabisa huyo, wanafika hamsini na kitu.

Kwa nini humuoni japo umezaliwa hapo, ni kwamba maisha yake ni ya kujifukia. Anajizika kwenye mchanga au tope la chini, kinabaki kichwa. Kile kijimrija cha pua ni cha kutolea juu ya maji avute hewa, mwili wote uko chini. Na hawa ndugu wana kitu kingine, ngozi yao na koo kwa ndani vinaweza kunyonya oksijeni kutoka kwenye maji yenyewe, kwaiyo anakaa chini muda mrefu kuliko kobe wengine. Lakini sio samaki. Akinaswa kwenye nyavu ya kutega usiku kucha akashindwa kabisa kupanda juu anakufa maji, ndo maana huyo wenu kuwa hai ni bahati, nadhani alinasa alfajiri alfajiri au nyavu ilikua kina kifupi.

Kuhusu beseni. Punguza maji, yafike mgongoni tu, pua ifike juu bila yeye kuogelea. Weka kivulini, funika na gunia lililoloweshwa. Hiyo ngozi haizuii maji kutoka kama gamba la kobe wa nchi kavu, ukimwacha juani saa mbili tatu anakauka. Usimpe ugali, usimpe chochote. Kumshika: ukingo wa gamba upande wa nyuma kabisa karibu na miguu ya nyuma, mikono miwili, kichwa kitazame mbali na wewe. Ukimshika ubavuni shingo inakufikia, huamini lakini inakufikia. Mkia usivute.

Na usimuuze. Sababu nitarudi nazo, naingia kwenye daladala.

MwanaMwera

Nimehesabu. TATU. Mguu wa kushoto tatu wa kulia tatu. Na mapazia yapo! Tumemgeuza watu wawili, baba mdogo kashika tochi, kweli kuna vipande viwili vya ngozi nyuma vinafunika miguu kama mlango wa duka la kushusha. Watoto wa jirani wamejaa hapa utadhani sinema.

Nimepunguza maji nimeweka gunia. Katulia sasa.

Lodwar_Finest

Sasa wasee wa Tz. Huku kwetu Turkana pia tuko na hii maneno lakini yetu ni ile nyingine, Trionyx triunguis, na hiyo jina yenyewe maana yake ni kucha tatu so huyo jamaa wa juu ako sawa. Yetu ni kubwa kuliko hiyo yenu, inaweza pita kilo 40. Iko na madoadoa ya njano njano kwa kichwa na shingo. Wavuvi wanaipata kwa net za tilapia na wanalia hivohivo, net imeraruka.

Hiyo spishi ndio imetembea Afrika kuliko zote, iko Nile, iko Congo, iko mpaka mto Kunene kule Namibia, na kuna zingine ziko Uturuki na Israeli kwa mito inayoingia bahari ya Mediterania, na hizo huingia baharini zikaogelea maji ya chumvi bila shida. Za huko Mediterania zimebaki kidogo sana, ziko kwa ile daraja ya mwisho kabla ya kuisha porini. Misri yenyewe, kule mto Nile uliipea jina la kobe wa Nile, zimeisha karibu mto wote, zimebaki zaidi Ziwa Nasser.

Sisi shida yetu sio supu sana, shida ni maji. Ethiopia walijenga bwawa la umeme la Gibe III kwa mto Omo, na Omo ndio inaleta karibu maji yote ya Turkana. 2018 UNESCO wakaweka mbuga za ziwa kwa orodha ya urithi ulio hatarini. Maji yakipanda na kushuka vile mto haukuwa umezoea, fukwe za mchanga zenye hawa kobe hutagia zinabadilika. Halafu usichanganye na yule mdogo wa gamba ngumu ako Loiyangalani, huyo ni Pelusios broadleyi, hapatikani pahali pengine duniani ila Turkana. Tunajivunia.

Mchambuzi_Huru

Samahani wakuu, mimi naomba niwe mkweli maana humu watu wanapenda kuonekana wema. Mvuvi kapoteza nyavu. Nyavu ya kutega nzuri mnajua bei yake? Mtu mwenye watoto wanne anaambiwa rudisha kobe ziwani, kobe akirudi analipwa nini? Tembo akila mahindi angalau kuna kifuta jasho hata kama kinachelewa, kobe akichana nyavu kuna nini? Hakuna. Halafu kesho mnakuja na vitabu vyenu vya Kilatini. Mimi sisemi auze, nasema tu mseme na upande wa pili.

Bwana_Pilau

Leo Mchambuzi kaongea point. Nyavu kwanza.

MitoNaMaziwa

Nimefika nyumbani. Mchambuzi uko sahihi kwenye nyavu na sikupingi, mimi mwenyewe nimekaa na wavuvi miezi wakati nafanya field yangu ya chuo, najua nyavu ndo shamba la mvuvi. Nitalirudia hilo.

Kwanza hilo la jamaa wa dagaa. Mtu anayetaka kobe mzima, tena gamba laini, kwa bei hiyo, hatafuti kitoweo cha kwake. Nje huko, hasa Asia ya Mashariki, kobe gamba laini ni chakula cha heshima na dawa, na kinachotafutwa zaidi ni ile gegedu ya pembeni ya gamba, sehemu inayobonyea uliyoibonyeza wewe, inakaushwa inauzwa. India na Bangladesh wamewavua kwa ajili hiyo miaka na miaka. China wanafuga wa kwao, yule Pelodiscus, kwa mamilioni, lakini wa porini bado anaonekana ana nguvu zaidi na bei yake ni nyingine. Walipopungua kwao wafanyabiashara wakaanza kuangalia mabara mengine. Ndo maana 2016 kule Johannesburg kwenye mkutano wa CITES (mkataba wa dunia wa biashara ya wanyama na mimea ya porini), nchi kadhaa za Afrika pamoja na Marekani zikapeleka ombi na likapita, kobe gamba laini wote wa Afrika wakaingia Kiambatisho cha Pili, maana yake kumvusha mpaka lazima kibali na lazima nchi ithibitishe kwamba kumtoa hakumalizi spishi. Huyo wenu akiwemo, na kwenye orodha nyekundu ya IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi, yuko daraja la walio hatarini kutoweka.

Ndani ya nchi, kuna Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya 2009. Mwaka huohuo 2016 serikali ilisimamisha kusafirisha wanyamapori hai kwenda nje. Kwaiyo huyo jamaa akikamatwa naye barabarani atasema kanunua kwa nani? Kwa baba mdogo. Atataja jina na kijiji na rangi ya mlango. Neno "nyara za serikali", yaani mnyamapori au kiungo chake, ukilisikia mahakamani elfu themanini utaiona haikutosha hata nauli ya kwenda kusikiliza kesi.

Pili, huyu mnyama anakula nini. Huyu hamalizi samaki wako Mchambuzi. Chakula chake kikuu ni konokono na kome, ana taya pana za kuponda. Sasa wewe mtu wa Nyasa unajua konokono wa ziwani wanaleta nini. KICHOCHO. Upande wa Malawi kusini mwa ziwa watafiti walishahusisha kupanda kwa kichocho na kuvuliwa kupita kiasi kwa samaki wanaokula konokono. Sisemi kobe ni dawa ya kichocho, mmoja kwenye beseni hatibu kijiji, nasema tu kila mla konokono tunayemtoa ziwani, konokono anafurahi.

Nyavu sasa. Ukweli hakuna fidia. Ninachojua kinasaidia kidogo ni kutotega mdomoni kabisa mwa mto na kwenye fukwe za mchanga miezi ya mvua, Desemba mpaka Machi, maana majike ndo wanasogea pwani kutaga, na kukagua nyavu mara mbili usiku badala ya kusubiri asubuhi. Najua upepo wa mwera ukivuma hamna mtu anaingia ziwani saa nane usiku kukagua nyavu, msinicheke.

Hanoi_mpaka_Bukoba

Nimeshindwa kupita kimya. Nilisoma Hanoi Vietnam, na pale katikati ya mji kuna ziwa dogo linaitwa Hoan Kiem, maana yake Ziwa la Upanga Uliorudishwa. Wanasema mfalme Le Loi karne ya 15 alipewa upanga akawafukuza Wachina, vita vilipoisha akiwa kwenye mtumbwi kobe mkubwa akatokea akauchukua upanga akazama nao. Sasa kwenye ziwa hilo kulikua na kobe kweli. Mmoja. Gamba laini, spishi ya Rafetus swinhoei, kubwa kuliko kobe wote wa maji baridi au karibu na hapo. 2011 walimtoa kumtibu vidonda wakampima kilo 169. Watu wanamwita kwa heshima ya mzee, yaan kama sisi tunavosema Babu. Januari 2016 akafa, na mji ulinyamaza aisee, sijawahi kuona watu wazima wanalia kobe. Sasa yuko kwenye kioo hekaluni, kisiwani humohumo ziwani, nilienda kumuona, unasimama unaangalia na huna la kusema.

Lakini nilichotaka kusema sio hicho. Kuna ziwa lingine nje ya Hanoi, Dong Mo. 2008 mafuriko yalivunja bwawa, kobe mwingine wa spishi hiyohiyo akasombwa akatoka, mvuvi akamnasa chini huko. Kilo kama 69. Mvuvi naye kama baba mdogo wako, kashapata mnunuzi, anataka kuuza. Watu wa mradi wa kobe na serikali ya pale wakakaa naye wakaongea, masaa, kijiji kizima kimezunguka, mwisho akakubali akarudishwa ziwani. 2020 kwenye ziwa hilohilo wakafanikiwa kumkamata kobe kisayansi, kilo 86, wakapima, JIKE. Wakati huo duniani anajulikana dume mmoja tu, yuko zoo ya Suzhou China, mzee kuliko babu zetu. Jike aliyekua naye walimtoa zoo ya Changsha wakamleta 2008, akataga kila mwaka mayai matupu, dume alikua na jeraha sehemu zake za uzazi, wakajaribu kumpandikiza mbegu jike na Aprili 2019 akafa siku moja baada ya jaribio la tano. Kwaiyo huyu wa Dong Mo ndo tumaini lote. Watu wakaanza kupanga namna ya kuwakutanisha.

Aprili 2023 akaokotwa kafa, anaelea.

Basi. Anayejulikana kwa uhakika amebaki dume Suzhou, na Vietnam wanatafuta kwa kupima maji ya maziwa kama yana chembe za vinasaba vyake. Hao walikua wengi, mto Mwekundu wote walikuwepo, watu waliwala kwa mayai na nyama bila kuwaza.

MwanaMwera mimi sikujui, lakini kesho asubuhi huyo mtu wa dagaa asimkute.

kisangani_boy

Bandugu, huku kwetu Kisangani iyi nyama banaiuzisha sokoni kila siku, banaikamata na ndoano kubwa mu fleuve Congo. Nakumbuka nikiwa mutoto tulikula sana, tamu kabisa. Sasa bapapa wanasema zile kubwa hazionekani tena, zinatoka ndogo ndogo tu. Miye sikujua kama ni kitu ya kuhesabia mpaka leo nasoma hapa.

Mama_Tampa

Habari zenu wanangu. Mimi niko Florida miaka mingi, hapa wapo wa kwao wanajiota jua pembezoni mwa mifereji nyuma ya nyumba, ukisogea wanadumbukia kabla hujafika. Hapa napo waliwahi kuwavua kwa malori kupeleka Asia, mpaka 2009 jimbo likapiga marufuku kuvua kobe wa maji baridi wa porini kwa biashara. Kwaiyo sio Afrika tu wanasumbuliwa. Mwanangu MwanaMwera mrudishe usiku huuhuu, na mtu asikuone.

sheikh_wa_mtaa

Kwa wanaopenda visa, pale Chittagong Bangladesh kwenye eneo takatifu la walii Bayazid Bostami kuna bwawa lina kobe gamba laini weusi wamejaa, wageni wanawalisha ndizi na mkate kwenye kijiti. Watu wa pale wanasimulia kwamba ni majini wabaya walioasi, walii akawageuza kobe. Cha ajabu 2002 IUCN walitangaza hiyo spishi imeisha porini, imebaki kwenye bwawa hilo tu. Baadae wakawakuta kwenye mabwawa ya mahekalu ya Wahindu huko Assam na hata mitoni. Yaan hao kobe wamebaki hai kwa sababu waislamu na wahindu wote wawili waliogopa kuwala. Huyo wa Nyasa angekua na jini wake saa hizi hakuna mtu angepiga simu kwa muuza dagaa.

Mchambuzi_Huru

😂😂 Sheikh umemaliza. Ila mimi naomba niwe mtu wa vitendo, nyavu ni shilingi ngapi? Mimi natuma 5,000.

Bwana_Pilau

Na mimi 3,000. Supu imeahirishwa.

Lodwar_Finest

M-Pesa ya Kenya inafika? Kama inafika niko ndani.

MitoNaMaziwa

MwanaMwera uko wapi kaka, ni saa nne usiku. Kama mnamrudisha msiende kumtupa popote, mrudisheni palepale alipotoka, mdomo wa mto, maji ya kina kifupi yenye mchanga, mumuweke chini taratibu aondoke mwenyewe. Asitupwe kutoka kwenye mtumbwi. Halafu kesho mwambie mwenyekiti wa BMU (kikundi cha wavuvi cha kusimamia ufukwe) na afisa wanyamapori kwamba alinaswa na amerudishwa, sio kujipeleka polisi, ni ili ikitokea stori ya huyo mnunuzi nyie mmeshasema kwanza.

Swali lingine, alikua jike? Mkia mfupi uliojificha ni jike, mkia mnene uliotoka nje ya gamba ni dume.

MwanaMwera

Wakuu samahani simu iliisha chaji, umeme huku ni wa kusubiri.

Amerudi. Tumetoka saa tatu mimi, baba mdogo na mdogo wangu, beseni kwenye pikipiki limefunikwa gunia, kila tukipita kwenye kilabu cha pombe mtu anauliza mmebeba nini tunasema mihogo imelowekwa. Baba mdogo njia nzima hasemi, kanuna, nilikua namsomea kwa sauti ile stori ya Vietnam nikiwa nimekaa nyuma, sijui alikua anasikiliza au upepo. Tulipofika akalibeba yeye mwenyewe beseni akaingia majini mpaka magotini. Akamuweka. Yule mnyama akakaa kama dakika moja hivi, nikasema kafa, halafu akajitikisa kama mtu anajifunika shuka, mchanga ukaruka, tochi inamulika hatumuoni tena na maji hayafiki hata gotini! Alikua hapohapo chini yetu. Tukarudi nyuma taratibu tusimkanyage.

Mkia ulikua mfupi. Ndio, jike. Na kuna kitu sikuwaambia mapema kwa sababu sikujua ni nini, tulipomwaga maji ya beseni kulikua na kitu cheupe cha duara kama mpira wa ping pong mdogo, kigumu. Mdogo wangu anasema ni yai. Moja tu.

Baba mdogo njiani kurudi ndo kaongea. Anasema enzi za babu huo ufukwe wa mdomo wa mto ulikua na alama za hawa kobe kila msimu wa mvua, kama mtu kaburuta sinia mchangani, na walikua wanafukua mayai wanakula. Anasema hajaziona hizo alama tangu wamejenga zile nyumba za wageni na watu kuanza kuchota mchanga na matrekta. Nikamuuliza mbona hukusema tangu asubuhi, akasema hakuna aliyemuuliza.

Jamaa wa dagaa kapiga simu mara mbili. Hajapokelewa.

Nyavu mafundi wanasema kipande kilichochanika kununua na kushona ni 45,000. Mchambuzi nimekutumia PM, asante, asanteni wote, baba mdogo hajui kama kuna watu hawamjui wanamchangia nyavu, nitamwambia kesho asubuhi akishakunywa chai.

MitoNaMaziwa

Aisee. Umefanya kazi kubwa, mwambie baba mdogo nampa shikamoo yake.

Hilo yai ni lake, mayai yao ni ya duara na ganda gumu kama la kuku, tofauti na ya kasa ambayo ni laini kama ngozi. Lililokaa ndani ya maji mchana kutwa sina tumaini nalo kaka, kiinitete kinakosa hewa. Ila maana yake alikua anaelekea ufukweni kutaga, na mayai mengine bado anayo tumboni.

Huo ufukwe unaochotwa mchanga, uko upande gani wa mto, huu alikonaswa au ng'ambo?

MwanaMwera

Huuhuu. Kama mita mia mbili kutoka tulipomuacha. Ng'ambo bado kuna mchanga safi ila hakuna njia ya pikipiki.

MitoNaMaziwa

Kukosa njia ya pikipiki ni habari nzuri. Yeye anaogelea. Mkipita upande ule na mtumbwi wiki hizi mbili angalieni mchangani asubuhi mapema kama kuna alama ya sinia, msifukue, pigeni picha tu muweke hapa.

MwanaMwera

Baba mdogo kasema Jumamosi anatega upande wa juu, mbali na mto, lakini atapita ng'ambo kwanza. Nitaenda naye.